Maneno ya Vita Yalivyofika Buhaya, na Asili Yake

Mwalimu afundishaye Kiswahili katika nchi yetu, tangu Kagoma hata Bukoba mjini, huulizwa mara kwa mara na wanafunzi wake: neno hili limetoka wapi? Na kwa jinsi tulivyoona, maswali mengi ya namna hiyo huwa juu ya maneno ya askari na ya vita. Si ajabu. Nchi hii iliyo kando ya Ziwa Viktoria, jirani na mpaka, imeona katika muda usiotimia miaka mia majeshi ya Wajerumani, ya Waingereza, ya Uganda na ya Tanzania yakipita katika njia zake na migomba yake. Kila jeshi lilikuja na bunduki zake, likaja pia na maneno yake. Bunduki ziliondoka, maneno yakabaki.

Hapo mwalimu hushawishika kujibu kwa kukisia. Jambo hili lina hatari, nasi twaweza kuionyesha kwa jina la mahali petu wenyewe. Kwa sikio la Mhaya, Kagoma ni ngoma ndogo, maana engoma ni ngoma, na ka- ni kiambishi cha udogo. Lakini mwenzetu wa Rwanda akilisikia jina hilo hilo atasema kuwa ni tai, maana ndivyo Kinyarwanda kimwitavyo ndege huyo. Sauti ni moja, maana ni mbili. Basi atakaye kujua asili ya neno asitazame mfano wa sauti peke yake, bali aulize: nani alilileta, kwa njia gani, na lilikuwapo wapi kabla ya kufika kwetu?

Kwanza yatupasa kuweka kando maneno ambayo hayakuletwa na mtu, kwa kuwa wengi hudhani kila neno la vita katika Kiswahili ni la Kiarabu. Sivyo. Mhaya aliyekwenda vitani zamani alichukua eichumu, yaani mkuki, na engabo, yaani ngao. Na uta kwa Kihaya ni obuta. Mwanafunzi akiyaandika maneno haya ubaoni kando ya maneno ya pwani, ataona undugu bila kuambiwa. Obuta na uta ni neno moja lililopoteza kichwa chake njiani. Engabo na ngao pia ni moja, maana Kiswahili kina desturi ya kuiangusha au kuilegeza b iliyo katikati: Mhaya husema kubona, Mswahili kuona, Mganda husema kugaba, Mswahili kugawa. Ama eichumu, wasomaji wengi watasema halifanani na mkuki hata kidogo, na ni kweli. Lakini Kiswahili kina neno jingine la zamani, fumo, ambalo ni mkuki wa bapa pana, na Waganda husema effumu. Weka effumu kati ya eichumu na fumo, utaona daraja. Jina hilo hilo la silaha liligeuka kuwa jina la heshima la watawala wa pwani ya kaskazini, kama ajuavyo kila asomaye habari za Fumo Liyongo.

Maneno haya ni ya kale, na vyuma vyenyewe ni vya kale. Uchunguzi wa Peter Schmidt na wenzake, uliotangazwa mwaka 1978, ulionyesha kuwa watu wa ufuko huu wa magharibi wa ziwa, pale Kemondo, walikuwa wakiyeyusha chuma chenye ugumu wa feleji yapata miaka 2000 iliyopita. Mtoto wa Kihaya aambiwaye kuwa babu zake walipata jina la mkuki kutoka ng'ambo ya bahari anadanganywa mara mbili.

Silaha ya moto ndiyo iliyokuja na majina ya kigeni. Baruti ni barud ya Kiarabu. Risasi ni rasas, na maana yake ni madini ya risasi tu. Jina la madini limekuwa jina la kitu kiuacho. Silaha, adui, jeshi, amiri na shujaa yote ni ya Kiarabu, wala hayahitaji maneno mengi. Askari nalo ni la Kiarabu, askari kutoka askar, yaani jeshi. Na wako wataalamu wasemao kuwa Waarabu nao walilitwaa kwa Waajemi, ambao jeshi huliita lashkar.

Lakini bunduki yataka tuikalie kidogo. Wako wasemao kuwa ni jina la mji wa Venice, kwa sababu Waarabu waliuita mji huo al-Bunduqiyya, na ya kuwa bunduki za kwanza zilitoka huko. Habari hii inapendeza, ila haiwezi kusimama. Bunduq kwa Kiarabu ni kokwa ndogo ngumu ya mti uliomea katika nchi ya Ponto, ile itajwayo katika Matendo ya Mitume. Wayunani waliiita kokwa ya Ponto. Kutokana na umbo lake, vidonge vya udongo au vya risasi vilivyorushwa kwa upinde viliitwa kwa jina hilo hilo. Baibars, aliyetawala Misri tangu 1260 hata 1277, alijulikana kwa jina la al-Bunduqdari, kwa kuwa hapo kwanza alikuwa mtumwa wa mtu mwenye cheo cha mshika upinde wa vidonge. Wakati huo hapakuwa na bunduki ya baruti mkononi mwa askari wa Misri. Jina basi lilikuwapo kabla ya chombo, na chombo kilipokuja kililikuta limekaa, likikingoja.

Mzinga ni kinyume cha hayo. Watu wa pwani walipoona chombo kikubwa cha shaba au cha chuma, kilicho wazi ndani kama gogo, hawakuomba jina kwa mtu yeyote. Walitazama juu ya miti yao. Mzinga ni nyumba ya nyuki, gogo lililotobolewa, nasi huku huliita omuzinga. Na Waganda nao hutumia neno lilo hilo moja kwa nyuki na kwa mizinga ya salamu. Twapenda sana neno hili, kwa kuwa linaonyesha kwamba mtu aweza kuogopa kitu na bado akakipa jina la kijijini. Hata mlio wa nyuki waliochokozwa haukosi kufaa.

Wareno waliokaa pwani karne mbili walituachia bendera, na wengi husema kuwa na gereza pia. Neno lao igreja ni kanisa. Ndani ya Ngome ya Yesu pale Mombasa, iliyoanza kujengwa mwaka 1593, palikuwa na kanisa. Wenyeji wakaiita ngome yote kwa jina lile, na ngome ilipofanywa mahali pa kufungia watu, gereza likawa na maana tuijuayo leo. Tunawaachia wachungaji na mapadre walitafakari hilo wenyewe.

Sasa twaja kwa maneno yaliyofika Bukoba kwa miguu, mwezi na mwaka vikijulikana. Mwaka 1889 Hermann von Wissmann alitumwa na serikali ya Ujerumani kuvunja nguvu za Abushiri na wenzake wa pwani. Hakuwa na askari. Akaenda Kairo, akaandika Wasudani wapatao 600, watu waliokuwa wametumika katika jeshi la Misri na kuachwa bila kazi baada ya Misri kuipoteza nchi ya Sudani. Misri wakati huo ilikuwa bado chini ya Sultani wa Uturuki kwa jina, na vyeo vya jeshi lake vilikuwa vya Kituruki. Basi jeshi la Wajerumani katika Afrika ya Mashariki likawa na wakubwa wenye vyeo vya Kijerumani, na chini yao askari weusi wenye vyeo vya Kituruki vilivyotamkwa kwa Kiarabu cha Sudani, na amri wakizipokea, kadiri miaka ilivyozidi, kwa Kiswahili. Hatudhani kuwa palikuwa na mchanganyiko mwingine wa namna hiyo duniani.

Vyeo vyenyewe vilikuwa hivi. Aliye juu ya askari wa kawaida aliitwa ombasha, kwa Kituruki onbaşı: on ni kumi, baş ni kichwa, yaani mkuu wa kumi. Juu yake shaushi, kutoka çavuş, ambaye zamani katika nyumba za masultani alikuwa tarishi na mpiga mbiu. Kisha bashaushi, yaani shaushi mkuu, kisha sol, na juu ya wote efendi. Katika jeshi la Misri walikuwapo pia yuzbashi, mkuu wa mia, na bimbashi, mkuu wa elfu. Atakayeona utaratibu huu kuwa mgeni na afungue kitabu cha Kutoka, sura ya 18, aone shauri ambalo Yethro alimpa mkwewe juu ya wakuu wa maelfu, wa mamia, wa hamsini na wa makumi. Wafasiri wetu wa Biblia hawakumtumia yuzbashi. Kwa yule mkuu wa mia wa Kapernaumu walichagua akida, neno la Kiarabu, na kwa mkubwa wake wa Yerusalemu walichagua jemadari, neno lililokuja kwa njia ya Uhindi pamoja na Wabaluchi, askari wa Sultani wa Unguja. Walifanya vema. Akida na jemadari watu wa pwani walikwisha kuwajua; bali yuzbashi alikuwa mgeni. Hata hivyo mtu wa Bukoba aliyesoma habari za akida hakumwona akida mbele yake kama mtu wa pwani, kwa sababu huku Wajerumani walitawala kwa mikono ya Bakama wenyewe.

Efendi ndiye aliyebaki, na safari yake ni ndefu kuliko ya wenziwe wote. Kwa Kiyunani cha kale authentes ni mtu atendaye kwa mamlaka yake mwenyewe. Wayunani wa baadaye wakatamka afthentis, kisha afendis. Waturuki wakalitwaa, wakafanya efendi, bwana, mtu aliyesoma. Wamisri wakalipokea kwa Waturuki. Wasudani wakalileta kwetu. Nasi tukalifanya afande. Ndugu zetu wasomao Agano Jipya kwa Kiyunani watakuta kitenzi cha shina hilo hilo katika Waraka wa kwanza kwa Timotheo, sura ya 2, aya ya 12, pale Paulo anapokataza mwanamke kumtawala mwanamume. Kuruta wa leo apigaye saluti na kusema “Ndiyo, afande” hajui kuwa anasema Kiyunani. Na tena afande wa leo aweza kuwa mwanamke, na hapana anayeona shida.

Maneno haya yalifikaje ziwani? Mtu aliyeyaleta alikuwa Emin Pasha, mganga Mjerumani aliyeitwa Eduard Schnitzer, ambaye kwanza alikuwa liwali wa Misri katika jimbo la Ikweta kule juu ya mto Nili. Baada ya kutolewa huko na Stanley na kufika pwani mwishoni mwa 1889, aliingia katika utumishi wa Wajerumani, akarudi bara mwaka 1890, na mwezi wa Novemba mwaka ule akaweka kituo Bukoba. Wilhelm Langheld akaachwa kukilinda. Katika mwaka wa 1891 Kapteni Lugard, akitumikia kampuni ya Kiingereza, alikwenda Kavalli karibu na Ziwa Alberti akawachukua Wasudani wengine wa Emin waliobakia huko, akawaingiza Uganda. Wazao wao ni Wanubi, na lugha yao Kinubi ni Kiarabu cha kambini hata leo. Ndiyo kusema, upande wa kusini na upande wa kaskazini wa mto Kagera, mkono ulioleta maneno ya jeshi ulikuwa mmoja. Jambo hili wasomaji walishike, tutalirudia.

Pamoja na vyeo lilikuja neno moja ambalo wazee walilitaja kwa sauti ya chini. Ni hamsa ishirini. Kwa Kiarabu khamsa wa ishrin ni ishirini na tano, na hiyo ndiyo ilikuwa hesabu ya viboko ambavyo mtu alihukumiwa kupigwa. Askari Msudani alihesabu kwa lugha yake, na aliyepigwa akajifunza hesabu hiyo mgongoni kabla ya kuijua shuleni. Tazama jinsi neno lilivyovunjika: nusu Kiarabu cha askari, nusu Kiswahili, na hakuna hata mmoja aliyehitaji kutaja viboko, maana hesabu yenyewe ilitosha. Katika nchi nzima iliyotawaliwa na Wajerumani maneno mawili haya yalikuwa jina la adhabu, na kwa wengine jina la utawala wenyewe. Twayaandika hapa kwa sababu vijana hawayajui tena, na kitabu cha historia kisemacho kuwa “adhabu zilikuwa kali” hakisemi kitu kama yasemavyo maneno haya.

Na mahali pa adhabu palikuwa boma. Hapa twataka kukanusha habari moja ambayo tumeisikia hata kwa watu wenye elimu, ya kuwa boma ni herufi za kwanza za maneno manne ya Kiingereza yahusuyo utawala wa ng'ambo. Ni uzushi mtupu. Stanley alilitumia neno boma katika kitabu chake cha mwaka 1872 cha kumtafuta Livingstone, akisimulia ua wa miiba na wa miti uliozunguka vijiji na makambi, wakati ambapo Mwingereza hakutawala hata kijiji kimoja cha bara hii. Wajerumani walipojenga ngome zao za mawe watu waliziita maboma, kwa kuwa nazo zilikuwa na ua; Waingereza walirithi majengo, wakarithi na jina.

Uzushi wa pili ni wetu wenyewe. Wako wenzetu wasemao kwamba kwata, yale mazoezi ya askari ya kwenda hatua sawasawa, ni neno la Kihaya, maana kukwata kwetu ni kushika, na kuruta huambiwa ashike bunduki. Tungefurahi sana kuwa tumelipa jeshi neno. Lakini kwata yachezwa kwa jina hilo Mombasa na Unguja, katika vinywa vya watu wasiopata kusikia Kihaya maisha yao yote, nalo lilitoka katika kambi hizo likaja kwetu, halikutoka kwetu likaenda kwao. Ni ile habari ya ngoma na tai.

Vita ya 1914 ilipofika, Bukoba haikukaa mbali nayo. Mwezi wa Juni 1915 Waingereza walipanda meli Kisumu, wakashuka karibu na mji huu, na tarehe 22 na 23 wakapigana na Wajerumani, wakavunja mnara wa simu ya upepo, wakaupora mji, kisha wakapanda meli zao wakarudi. Walirudi kukaa mwaka uliofuata. Katika vita ile watu wa nchi hii waliijua bombom, yaani bunduki ya mtambo ipigayo mfululizo. Neno hilo halikutoka Arabuni wala Ulaya, ila katika masikio ya watu. Leo limekufa, na mahali pake wasema bunduki ya rashasha. Walijua tena rugaruga, jina la wale vijana wa vita wa Mirambo wa Unyamwezi, aliyekufa 1884. Wajerumani walilichukua wakawaita hivyo askari wa msaada wasio na mafunzo kamili. Na walijua kariakoo. Kikosi cha wapagazi cha Waingereza kwa lugha yao kilikuwa Carrier Corps, na Kariakoo ya Dar es Salaam ni mahali walipopiga kambi watu wale. Makumi ya maelfu ya wapagazi wa Afrika Mashariki walikufa kwa maradhi, njaa na uchovu, wengi kuliko askari waliouawa kwa risasi. Wanunuzi wa vitunguu na vitenge katika soko lile hawawezi kulaumiwa kwa kutojua. Lakini mwalimu wa historia alitajaye jina hilo darasani bila kueleza hana udhuru.

Baada ya vita, vyeo vya Kituruki vilitoweka upesi. Waingereza walikuwa na jeshi lao, King's African Rifles, lililoundwa tarehe 1 Januari 1902 kwa kuunganisha vikosi vya Uganda, vya Kenya ya leo na vya Nyasa. Kwa herufi zake tatu watu waliliita Keya. Ombasha akawa koplo, shaushi akawa sajini. Wakafuata luteni, kapteni, meja na kanali. Haya hayana la kusimuliwa, maana yamebadili mavazi tu. Lakini Keya ilifanya jambo jingine lililo zito zaidi: ilitengeneza Kiswahili chake. Wakubwa Waingereza waliojifunza lugha kwa miezi michache, na askari waliotoka Acholi, Nandi, Kamba, Nyasa na kwingineko, walikutana katika lugha isiyo na upatanisho wa ngeli, ambapo watu wawili huwa “mtu mbili”, na kila jambo husemwa kwa sauti ya amri. Kiliitwa Kikeya. Kwa Kikeya watu wetu walipigana Habeshi na Burma katika vita ya 1939 hadi 1945, na kwa Kikeya walirudi nyumbani.

Sisi tuliolelewa katika shule tulifundishwa kukicheka Kiswahili hicho. Tumeacha kukicheka. Lugha iliyotosha kumwambia mtu alale chini upesi ili asiuawe ilikuwa lugha ya kutosha. Ubaya wake haukuwa katika ngeli, bali katika jambo hili: kwamba kwa watu wengi ndiyo iliyokuwa sura ya kwanza ya Kiswahili waliyoiona. Katika Buhaya askari hakuwa peke yake. Mwalimu wa misheni na mfanya biashara walikuja karibu pamoja naye, hata mtoto akasikia Kiswahili kikimwamrisha na kikimfundisha kusoma. Kwa majirani zetu wa Buganda haikuwa hivyo. Huko shule na kanisa vilikuwa na Luganda, na Kiswahili kikabaki na kambi. Sikiliza neno lenyewe: Mganda humwita askari omuserikale, na Mnyarwanda humwita umusirikare, yaani mtu wa serikali. Serikali ni neno la Kiajemi, sarkar, lililopita kwa Waswahili. Na katika nchi zile lilipofika lilikuwa limevaa sare, likashika bunduki.

Jeshi la Uganda lilitokana na Keya, na Idi Amin aliingia Keya mwaka 1946. Lugha yake ya amri ilikuwa Kiswahili. Alipotangaza mwaka 1973 kuwa Kiswahili ni lugha ya taifa, Waganda wengi waliona kambi inahamia nyumbani kwao. Miaka ile waliwasikia wenye bunduki wakibisha hodi usiku kwa Kiswahili, na hawakusahau.

Tanganyika ilikwenda njia nyingine. Baada ya maasi ya Januari 1964 jeshi lililorithiwa lilivunjwa, na tarehe 1 Septemba 1964 Jeshi la Wananchi wa Tanzania likaundwa. Amri za gwaride zikawa “mguu pande” na “mguu sawa”, wala hapana amri ielezayo vizuri zaidi kile ambacho mguu wapaswa kufanya. Gari la chuma la vita likaitwa kifaru, kwa hekima ile ile iliyomwita mzinga mzinga. Na raia walioandikwa kujilinda wakaitwa mgambo. Neno hili ni la zamani: mgambo ni tangazo la watu wote, na mbiu ya mgambo ni pembe iliyopigwa kuwakusanya, na ikilia watu hujua kuna jambo. Jina la wito limekuwa jina la walioitwa.

Mwishoni mwa Oktoba 1978 majeshi ya Amin yalivuka mpaka, yakaishika nchi yote iliyo kaskazini ya mto Kagera, na tarehe 3 Novemba yakavunja daraja la Kyaka. Maelfu ya watu walikimbilia kusini, hata huku Muleba. Wakati huo nduli, neno lililolala kamusini kwa maana ya mtu katili, liliamka likashikamana na jina la Amin, hata leo wazee wetu wasema “Nduli” bila kuongeza jina, na kila mtu ajua ni nani. Mgambo waliitwa kwa makumi ya maelfu, na pembe ikawa redio. Majeshi yakapita Bukoba yakielekea Mutukula, wakaitwaa Masaka mwezi wa Februari 1979 na Kampala tarehe 11 Aprili.

Huko Uganda maneno yalipata habari ya ajabu. Roketi za Watanzania zilizofyatuliwa nyingi kwa mara moja ziliitwa na Waganda saba saba; sikukuu yetu ya tarehe 7 Julai, siku chama cha TANU kilipozaliwa mwaka 1954, ikageuka huko kuwa jina la ngurumo ya kutisha. Na askari wa Tanzania waliitwa bakombozi. Hilo ni wakombozi letu, limevikwa kiambishi cha Kiganda. Liangalie kwa makini, msomaji. Kwa miaka mingi Kiswahili kilikuwa kimewapa Waganda omuserikale. Sasa, kwa muda, kikawapa na mukombozi. Wote wawili walivaa buti, wote walisema Kiswahili, na wote waliwaita wakubwa wao afande, kwa sababu ya wale Wasudani wa Emin waliogawanyika miaka themanini na minane kabla yake. Mwanamke wa Masaka aliyesikia Kiswahili nyuma ya mlango mwaka 1979 alikuwa na maneno machache sana ya kumpambanulia aliyekuja. Ndiyo maana hatuwacheki Waganda waliokataa kujifunza lugha yetu kwa muda mrefu, wala hatushangai kwamba baraza la mawaziri la nchi yao liliamua mwaka 2022 tu kukifanya Kiswahili kiwe somo la lazima shuleni. Neno huchukua harufu ya chombo lilichofikia.

Mkoa wetu, ambao kabla ya vita uliitwa Ziwa Magharibi, ulipewa mwaka 1979 jina la Kagera, jina la mto uliopiganiwa. Askari wengi waliokufa katika vita ile wamezikwa Kaboya, hapa hapa Muleba, na mahali pao paitwa makaburi ya mashujaa.

Tungependa walimu wenzetu wa vijiji wafanye kazi moja ambayo haiwezi kungoja. Wazee waliosema ombasha na bombom wamekwisha wote, na hakuna aliyewaandika ipasavyo. Tunayo majina ya vyeo kwa sababu Wajerumani walitunza daftari zao, lakini maneno ambayo askari waliambiana kando ya moto hatunayo. Waliokwenda Burma nao wamekwisha, au wamebaki wachache mno. Waliovuka Mutukula mwaka 1979 wangali katika parokia na mitaa yetu, na wengi wao wamepita miaka sitini na mitano. Wana maneno yao ya chakula, ya woga, ya mkubwa mkali, ya rafiki asiyerudi. Mwalimu na achukue daftari, amwendee mzee jioni, wala asimsahihishe ngeli zake. Aandike neno kama lilivyotamkwa, aandike na mahali mzee alipolisikia mara ya kwanza, na nani aliyelisema.